Meno ya Ukoo

Jumatatu, 2 Februari

Hili daftari ni la Daktari Rhoda wa Mbeya. Alinipa mwenyewe Ijumaa, akasema, "Mama Faith, kibati kikichomoka, waya ukikatika, chochote kile, andika tarehe na kilichotokea. Mkirudi baada ya Pasaka utanionyesha." Nikamwambia, daktari, mimi niliishia darasa la tano. Akasema, "Kwani darasa la tano hawaandiki?" Basi naandika.

Faith ana miaka kumi na mitatu, yuko kidato cha kwanza. Meno yake ya juu yalipandana kama watu wanaogombea mlango. Dada yangu Victoria, aliyeolewa Mbeya, ndiye aliyehangaika mpaka tukafika kwa huyo daktari. Sasa kila jino limegandishwa kibati kidogo, na waya umepita kwenye vibati vyote kama kamba ya kuanikia nguo. Amekatazwa mahindi ya kuchoma, miwa, bisi, karanga, ubuyu, na kutafuna kalamu. Huku kwetu Sumbawanga mwezi wa pili na wa tatu, ukimkataza mtoto mahindi ya kuchoma umembakizia nini?

Kuna na jambo jingine. Kwenye picha, jino la chonge la juu kushoto halipo kabisa, hata mzizi wake haupo. La kulia lipo ila limelala upogo ndani ya ufizi. Daktari akaniuliza, "Alipokuwa mchanga aliwahi kung'olewa meno? Yale wanayoyaita ya plastiki?" Nikasema hapana. Akaniangalia. Akasema basi huenda ni la kurithi, kuna koo nyingine jino hilo halioti. Faith alikuwa amelala kwenye kile kiti, mdomo wazi, masikio wazi.

Hilo la kuulizwa nitaliandika siku nyingine. Au sitaliandika.

Leo ilikuwa kubariki mishumaa kanisani. Nimerudi na mitatu.

Alhamisi, 5 Februari

Mvua. Hakuna kilichochomoka.

Jumamosi, 7 Februari

Andazi la jana. Kibati kimoja cha chini kimebanduka, kinazunguka kwenye waya kama shanga. Nilipiga simu Mbeya. Daktari amesema si hatari, kisubiri Aprili. Andazi nimempa kuku, naye alihangaika nalo.

Jumapili, 8 Februari

Faith ameanza kuhesabu meno ya watu. Anataka kujua pengo lake amelirithi kwa nani. Ana karatasi ameichora mistari kama ya mahudhurio, na tochi ya simu ya baba yake.

Alianza na baba yake. Alois alifungua mdomo bila neno, kama mtu anayepokea komunyo. Yote yapo. Kisha akaenda nyumba ya nyuma kwa Bibi Kalista, mama mkwe wangu.

"Shikamoo bibi. Naomba ufumbue mdomo."

"Marahaba. Nifumbue nini? Mimi ng'ombe wa mnadani?"

"Ni utafiti, bibi."

"Utafiti! Jovina, njoo umwone huyu. Shule imeingia mpaka mdomoni mwangu."

Jovina ni wifi yangu. Mumewe ni dereva wa lori, siku nyingi yuko Kasesya mpakani, kwa hiyo anakaa kwa mama yake na mtoto wao Jastin wa miezi sita. Alicheka mpaka akamweka mtoto chini. Mwisho Bibi akafumbua. "Hili lilivunjwa na muwa. Haya mawili yameondoka na uzee. Chonge zangu hizo hapo, zihesabu vizuri, sisi kwetu hatuna mapengo!"

Faith akarudi kwangu na tochi. "Mama, zamu yako." Nikamwambia nina ugali jikoni, kesho.

Ijumaa, 13 Februari

Ncha ya waya imetoka nyuma, inamchoma shavu. Daktari alitupa nta ya kufunikia, imeisha. Faith alikuwa anaifinyanga vindege darasani. Nikawaza. Nikachukua mshumaa uliobarikiwa, nikaukwangua kwa kisu, nikavingirisha kidonge, nikafunika. Imeshika vizuri kuliko ile ya hospitali.

Jumapili, 15 Februari

Dhamiri ilinisumbua. Baada ya misa nimemwuliza Katekista Isdori kama nimetenda dhambi. Akaniuliza, "Mtoto amelala usingizi?" Nikasema amelala. "Basi mshumaa umefanya kazi yake. Ila mtoto usimwashe." Akacheka peke yake mpaka sakristia.

Faith alikuwa anamsubiri mlangoni na tochi. Katekista: meno ishirini na tisa, chonge zote zipo.

Jumatano, 18 Februari

Majivu. Nimemwambia Faith leo tunafunga. Akasema, "Mama, mimi Kwaresima yangu ilianza Januari."

Jumapili, 22 Februari

Mahindi ya kwanza yametoka shambani. Alois alijificha nyuma ya choo na jiko la mkaa ili mtoto asione. Moshi wa mahindi haufichiki. Faith alitoka ndani akasimama pembeni yake, mikono nyuma, akawa anaangalia tu. Alois akashindwa hata kumeza.

"Mama Faith," akaniita, "mwaka huu katika nyumba hii hakuna kuchoma. Tunachemsha."

Nikachukua lile hindi, nikazipukuchua punje, nikaziponda kwenye kinu na chumvi kidogo. Faith alikula kwa kijiko. Akasema ladha ni ileile, ila raha haipo, raha ni kung'ata. Punje mbichi zile zilinigandia vidoleni, nyeupe, laini, na maziwa yake. Nikanawa mikono mara mbili.

Jumatano, 25 Februari

Jioni tena: "Mama, zamu yako." Nikamwambia jino linaniuma. Uongo juu ya uongo.

Jumapili, 1 Machi

Mvua haijakatika tangu jana. Tope la huku juu linashika mguu kama linakudai. Wote wamelala mchana, mimi nimekaa jikoni. Naandika lile jambo. Nikiona aibu nitalichana.

Faith alipokuwa na miezi mitano tulikuwa Muze, bondeni, tunalima mpunga. Alois alikuwa Kasesya kwenye kazi ya kupakia malori, simu ikipatikana leo, mara nyingine ni baada ya wiki. Mtoto akashikwa na homa. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Akaharisha mpaka macho yakazama. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, huyu ndiye mtoto wangu wa kwanza, na mpaka leo ni huyo huyo tu.

Jirani akaja, akamfumbua mdomo, akanionyesha kwenye ufizi wa juu uvimbe mweupe huku na huku. Akasema, "Meno ya plastiki hayo. Ndiyo yanayomla. Usipoyatoa kesho utazika." Neno hilo, utazika, lilinitoa akili. Akanipeleka kwa bibi mmoja aliyekuwa fundi wa kuyatoa. Alikuwa na spoku ya baiskeli iliyonolewa, ameichovya kwenye maji ya chumvi. Hakuwa mtu mbaya. Alinipa kigoda nikae. Akasema, "Mshike kichwa, mama."

Nilimshika mimi. Hakuna mtu mwingine.

Alitoa la kushoto, akaniwekea kiganjani. Kitu cheupe, laini, kama punje ya hindi ambalo bado ni maziwa. La kulia alichokonoa, mtoto akazimia kidogo, nikampokonya. Nikakimbia naye zahanati na damu kwenye kanga. Wakampa dawa ya malaria, siku mbili homa ikashuka. Lakini mimi moyoni nikasema ni yule bibi aliyemponya. Miaka miwili niliamini hivyo, mpaka siku ya kliniki muuguzi akawafundisha wanawake kwenye benchi: vile vyeupe si ugonjwa, ni meno yenyewe, bado machanga, ukiyatoa mtoto hayapati tena. Wenzangu wakaguna. Mimi nikaangalia viatu vyangu.

Alois sikumwambia. Bibi sikumwambia. Na Daktari Rhoda, alipouliza neno hilohilo kwa jina lake, nikasema hapana.

Sijachana. Nimeubandika ukurasa huu na wa pili wake kwa uji.

Jumatano, 4 Machi

Kimpira kinachovuta meno ya juu na ya chini kimemruka Faith darasani akipiga miayo, kikampata mwalimu wa hesabu sikioni. Mwalimu alidhani ni manati, darasa zima likapigishwa magoti. Faith akajitoa mwenyewe: "Ni mdomo wangu, mwalimu." Ameomba radhi na kusamehewa, na mwalimu naye amehesabiwa meno.

Jumanne, 10 Machi

Utafiti umefika mwisho. Watu ishirini na sita, upande wa baba na upande wa mama, na mimi sijahesabiwa. Leo Faith alikuta kwa Bibi picha ya zamani ya marehemu Shedrack, kaka yake Bibi. Anacheka, na juu kushoto kuna weusi.

"Nimempata!" akapiga kelele uani. "Nimerithi kwa babu Shedrack!"

Bibi akatoka na mwiko. "Shedrack? Shedrack alipigwa na mpini wa jembe akiwa kijana! Meno yake yalikuwa kama mahindi ya mbegu!"

"Bibi, picha haisemi uongo."

"Na marehemu hawezi kujitetea! Umeona, Coleta? Mwanao anamsingizia maiti." Ananiita Coleta akikasirika. Siku nyingine mimi ni Mama Faith. Kisha akaendelea kwa Kifipa, na hayo siyaandiki kwenye daftari la daktari.

Faith amebandika jina la Shedrack ukutani juu ya kitanda. Anasema sasa anajisikia vizuri, kwamba si yeye peke yake, kuna mtu waliyefanana. "Nitakuwa namwombea," akasema.

Nilikwenda chooni kulia. Mvua ilikuwa inapiga bati, hakuna aliyesikia.

Alhamisi, 12 Machi

Bibi hanisalimii. Shikamoo yangu anaipokea kwa kichwa.

Jumanne, 17 Machi

Waya hauna tatizo. Mimi ndiye sina usingizi.

Alhamisi, 19 Machi

Jastin ana homa. Jovina anasema ni baridi ya mvua.

Ijumaa, 20 Machi

Homa imepanda. Anaharisha. Nimesema apelekwe zahanati, Bibi akamjibu Jovina, si mimi, "Kwa mvua hii? Kesho."

Jumamosi, 21 Machi

Nitaandika yote, mkono ukichoka nitapumzika.

Asubuhi niliamka nikasikia Jovina analia. Nikakimbia na kanga ya kulalia. Bibi alikuwa amempakata Jastin karibu na mafiga, amemfumbua mdomo kwa kidole.

"Njoo uone mwenyewe," akaniambia. Ndiyo maneno ya kwanza tangu ugomvi wa Shedrack. "Meupe haya. Huku na huku. Nimeshamwita yule mama wa ng'ambo ya mto, yuko njiani."

Nikainama. Yalikuwa yaleyale. Huyu si mtoto wangu lakini mikono yangu ilikumbuka uzito wa kichwa.

Nikasema, "Mama, asitolewe."

"Asitolewe nini? Baba yake amekubali kwa simu."

"Tumpeleke akapimwe."

"Wifi," Jovina akasema huku analia, "atakufa. Mimi namwona anakufa."

"Wewe unajua nini juu ya haya?" Bibi akaniuliza. Hakuuliza kwa ubaya, naye alikuwa na hofu. "Wako ulimlea huko bondeni, hayakumpata."

Faith alikuwa amesimama mlangoni na ndoo ya maji kichwani. Nilimwona. Ningeweza kumtuma dukani. Nimeliwaza hilo, naandika ukweli: kwa kitambo kidogo nililiwaza.

Nikasema, "Yalimpata, mama. Niliyatoa. Kwa spoku, Muze, mimi ndiye niliyemshika kichwa. Lile jino la Faith halikurithiwa kwa mtu. Liliwekwa hapa." Nikaonyesha kiganja changu. "Hayo meupe ndiyo meno yenyewe. Mkiyatoa, huyu naye atakaa na pengo mpaka uzee wake, na homa itabaki palepale."

Faith alishusha ndoo polepole, haikumwagika hata tone.

Bibi ndiye aliyeanza. "Kumbe Shedrack wa watu."

Kisha akamwita Faith. Akasema, "Mjukuu wangu, njoo. Fumbua." Safari hii Bibi ndiye aliyeshika tochi. Faith akafumbua. Bibi akaangalia muda mrefu pale juu kushoto, akagusa kwa ncha ya kidole waya unaopita mahali pasipo na jino. Hakuniangalia.

Wakati huohuo hodi ikapigwa. Yule mama amefika na mwavuli, kimfuko chake kwapani. Jovina akaniangalia mimi, mimi nikamwangalia Bibi. Bibi akainuka akamfunga Jastin kifuani kwa kanga yake mwenyewe, akaenda mlangoni.

"Samahani mama, tumekusumbua na mvua. Mtoto anakwenda zahanati."

"Lakini uliniambia ni plastiki."

"Niliambiwa na macho yangu, na macho yangu yamezeeka. Ngoja kwanza unywe uji wa ulezi, umelowa."

Alois alikimbia kutafuta bodaboda, tukapata mbili. Kipimo kimeonyesha malaria. Wamempa dawa na maji ya chumvichumvi, wametulaza mpaka jioni, wakaturuhusu. Akiwa mgongoni kwa Jovina wakati wa kurudi alikohoa na kulia kwa nguvu. Sijawahi kufurahia kilio namna hiyo.

Alois nilimweleza njiani, tukitembea. Tukafika darajani. Akasema, "Ulikuwa peke yako na mimi nilikuwa napakia saruji."

Faith alikuwa amelala tulipofika, au alijifanya. Karatasi ya ukutani ameibandua.

Jumapili, 22 Machi

Faith hajasema nami.

Jumatatu, 23 Machi

Amesema, "Chumvi." Nimempa chumvi.

Jumanne, 24 Machi

Jastin amenyonya vizuri. Ncha ya waya imechomoza tena. Kwa kawaida ananiletea shavu. Leo nimekuta mshumaa umekwanguliwa, amejitengenezea mwenyewe.

Alhamisi, 26 Machi

Jioni nilikuwa napukuchua mahindi, Faith akaja akakaa kwenye kigoda cha pili. Akachukua hindi, akaanza kupukuchua upande wake. Tumepukuchua manne.

Akasema, "Nililia?"

"Sana."

"Na wewe?"

"Mimi nilikushika kichwa. Baadaye ndiyo nililia."

Akapukuchua mstari mzima. "Ulidhani ningekufa?"

"Nilikuwa nimeshachagua kanga ya kukuzikia."

"Ipi?"

Swali gani hilo! Nikamwonyesha. Ni ile ya kijani ambayo mpaka leo tunafunikia meza ya jikoni. Aliiangalia. Akasema, "Mama, hiyo ni mbaya sana." Tukacheka, na mimi nikicheka nilikuwa nalia, naye akasema, "Ungeniambia. Nimemwombea babu Shedrack wiki mbili kwa kosa lisilo lake."

Bado amekasirika. Nimeona. Lakini shavu ameniletea.

Ijumaa, 27 Machi

Bibi amekwenda kwa Katekista Isdori kuomba misa ya marehemu Shedrack. Katekista akamwuliza nia ya misa. Bibi akasema, "Ya kumwomba radhi. Familia ilimsingizia pengo." Katekista ameandika hivyohivyo kwenye kitabu.

Leo alipoitikia shikamoo yangu alisema, "Marahaba, Mama Faith."

Jumapili, 5 Aprili. Pasaka

Alleluya. Katekista alisoma nia ya misa mbele za watu wote, kwa sauti. Alois alikohoa mpaka mwisho wa tangazo.

Mchana Bibi alimletea Faith bakuli limefunikwa. Ndani yake mahindi ya kuchoma, kachoma mwenyewe kwa makaa, akapukuchua punje mojamoja, akaziponda nusu ili zibaki na ugumu kidogo. "Ng'ata kwa magego," akamwambia, "polepole. Usimwambie daktari." Nami naandika, daktari atasoma. Hakuna kilichochomoka.

Jumatano, 8 Aprili

Mbeya. Kabla Daktari Rhoda hajawasha taa nilimpa daftari, nikamwonyesha kurasa zilizogandishwa. Akazitenganisha kwa kile kijikisu chake chembamba. Alisoma amesimama. Mimi nilikuwa naangalia viatu vyangu, Faith akanigusa kwa goti ili nisiviangalie.

Daktari akasema, "Ahsante, mama. Nilishajua. Nilikuwa nangoja uniambie." Akasema wanakuja wengi, na wengi wanasema hapana. Akasema jino la chonge la kulia ataanza kulivuta lishuke. La kushoto nafasi yake itatunzwa, Faith akiwa mkubwa atawekewa la bandia, na meno mengine yatanyooka vizuri. Kile kibati cha andazi amekigandisha upya. Kisha akauliza nani alimpa mtoto mahindi ya Pasaka, Faith akasema, "Ni siri ya ukoo, daktari."

Tuko kwenye basi la kurudi, tumepita Tunduma. Nimechoka, naacha hapa.

*

Mimi ni Faith. Mama amesinzia na daftari mapajani, mdomo wazi. Nimetumia tochi ya simu, abiria wa pembeni ananishangaa.

Meno thelathini na moja. Chonge zote nne zipo. Gego la chini kulia, la mwisho kabisa, halipo.

Mtu wa ishirini na saba. Akiamka nitamwuliza lilikwenda wapi.